Duane Jones: Ben wa "Night of the Living Dead"

Uliniuliza ni nani aliyecheza Ben, mhusika mkuu wa "Night of the Living Dead", filamu ya kutisha ya 1968 kuhusu maiti wanaofufuka na kuwashambulia watu, na kama ni kweli alipotea baada ya hapo. Ni Duane Jones, na si kweli kwamba alipotea. Maisha yake hasa yalikuwa ufundishaji na jukwaa la maigizo. Sinema aliziendea mara chache. George Romero, mwongozaji wa filamu hiyo, alimpa nafasi kwa sababu aliwashinda wenzake kwenye majaribio ya uigizaji, wala hati ya filamu haikusema Ben awe mweusi, kama alivyokuwa Jones. Ben aliandikwa kama dereva wa lori mwenye maneno makali, Jones akayarekebisha mazungumzo yake mwenyewe. Mwangalie anavyopigilia mbao madirishani kuwazuia maiti hao: haongei sana, anajua anachofanya. Ndiyo maana ile risasi ya mwisho inayomuua Ben, kutoka kwa watu waliodhani naye ni maiti hai, inauma mpaka leo.

Mwaka 1973 akacheza Dakta Hess Green katika "Ganja & Hess", filamu ya mwongozaji Bill Gunn. Hess ni msomi anayeshikwa na kiu ya damu baada ya kuchomwa jambia la kale. Hiyo itafute, tafadhali. Kwangu ndiyo kazi yake bora kabisa. Alifariki 1988.