Maswali na Majibu: Uamuzi Mdogo na Safari za Mahakama ya Rufani

Mahakama Kuu imetupa pingamizi langu la awali, yaani hoja yangu ya kutaka kesi ifutwe kabla ya kusikilizwa. Rufaa itachukua muda gani? (Morogoro)

Hakuna rufaa hapo. Tangu marekebisho ya 2002, Sheria ya Mamlaka ya Rufani, Sura ya 141, inazuia rufaa dhidi ya uamuzi mdogo wa Mahakama Kuu usiomaliza shauri. Jiulize: baada ya amri ile, jaji amebakiwa na la kuamua? Kama amebakiwa, rudi ukajitetee. Pingamizi lingekubaliwa na kesi ikafutwa kwa kupitwa na muda, mwenzako ndiye angekuwa na njia ya rufaa. Ukishindwa kwenye hukumu, pingamizi lako liingize katika sababu zako za rufaa. Halijafa.

Basi niombe marejeo, yaani Mahakama ya Rufani iukague uamuzi huo, badala ya rufaa? (Mbeya)

Hapana! Kifungu kinachozuia rufaa kinazuia na marejeo, kwa maneno ya wazi kabisa. Swali hili linarudi kila mara, na nashuku wanaolileta wameshauriwa na mtu aliyekwisha kulipwa.

Jaji wa Mahakama Kuu amekataa kujitoa kwenye kesi yangu. Nikate rufaa? (Tanga)

Soma jibu la kwanza.

Nimewekewa zuio la muda kwenye kiwanja. Nimekwama? (Kigamboni)

Hujakwama. Rudi mahakama ileile, uiombe ilibadilishe au iliondoe. Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inaruhusu. Zuio lenyewe halizidi miezi sita, na nyongeza zake zote kwa jumla hazivuki mwaka mmoja, kwa hiyo weka tarehe kwenye kalenda. Ila usimwage hata ndoo moja ya zege kwa sababu fundi kakwambia karatasi ile haina nguvu. Kukaidi zuio kunaweza kukufikisha gerezani kama mfungwa wa madai, na mali yako ikakamatwa.

Sheria hii haiwaonei wanyonge? (Dodoma)

Mnyonge ndiye anayeumia rufaa za katikati zikiruhusiwa. Novemba 2018 Mahakama ya Kisutu iliwafutia dhamana Freeman Mbowe na Esther Matiko, wakati huo wabunge wa upinzani. Wakakata rufaa Mahakama Kuu, upande wa Jamhuri ukaweka mapingamizi, yakatupwa, nao ukakimbilia Mahakama ya Rufani. Rufaa ya dhamana ikasimama. Mahakama ya Rufani ilipoikataa hoja ya Jamhuri mwezi Machi 2019, dhamana ilirudishwa ndani ya siku chache, lakini wawili hao walikuwa wamekaa mahabusu zaidi ya siku 100. Kwenye madai mchezo ni huohuo: jalada linaitwa juu, shauri la msingi linalala, mashahidi wanazeeka, na mwenye pesa hana haraka.

Mbona binamu yangu wa Mombasa amekata rufaa dhidi ya zuio, na imesikilizwa? (Pemba)

Kenya wana sheria yao. Kule Mahakama ya Rufani inaweza hata kusimamisha amri kwa kanuni ya 5(2)(b) ya kanuni zake, mwombaji akionyesha kwamba rufaa yake ina hoja ya kusikilizwa na kwamba bila amri hiyo ushindi wake utakuwa bure. Mengine amuulize wakili wa huko.