Kwa afisa utumishi mpya: kabla hujaandika barua ya kumfukuza mtu kazi

Faili lako la kwanza la nidhamu litakuja na haraka zake. Mkuu wa idara amemchoka mtumishi fulani, anataka aondoke kabla ya mwisho wa mwezi, na barua anaitaka mezani kwake leo. Huenda ana kila sababu ya kuchoka. Lakini mashauri mengi niliyoyaona yakitenguliwa kwenye rufaa yalitenguliwa kwa hatua iliyorukwa ofisini, hata pale ambapo kosa lilikuwa wazi.

Hatua zenyewe hazina siri. Sheria ya Utumishi wa Umma ya Tanzania, Sura ya 298, hairuhusu mtumishi kufukuzwa mpaka awe amepewa mashtaka, amepata nafasi ya kutosha ya kujitetea, na uchunguzi umefanyika kwa mujibu wa kanuni. Kanuni zinazotumika ni za 2022. Ukikuta kabatini nakala ya zile za 2003, usinakili fomu zake kwa mazoea. Juu ya yote iko Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba, inayompa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na ya kukata rufaa. Mahakama ya Rufani, katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts, ilieleza kwamba haki hiyo sasa ni ya kikatiba, si kanuni tu ya sheria tuliyorithi kwa Waingereza. Mahakama hiyo hiyo imeshasema pia kwamba uamuzi uliofikiwa bila kumsikiliza mhusika ni batili hata kama angesikilizwa na matokeo yakawa yale yale. Kwa hiyo mtu akikwambia "lakini kila mtu anajua aliiba", msikilize kwa heshima, halafu endelea kuandaa hati ya mashtaka.

Hapo kwenye hati ndipo nakuomba utumie muda wako mwingi. Hati mbovu huandikwa hivi: "Umekuwa na tabia ya utoro na lugha isiyofaa kwa viongozi." Mtu atajibu nini hapo? Atakana tu, na wewe hutakuwa na cha kuthibitisha. Andika kwamba yeye, akiwa muuguzi katika zahanati fulani, hakufika kazini kuanzia tarehe 3 hadi tarehe 14 Machi bila ruhusa ya mganga mfawidhi. Kama kuna lugha chafu, liwe shtaka la pili, lenye siku yake, mahali pake na maneno yenyewe yaliyotamkwa, hata kama yanakutia aibu kuyachapa. Kosa ambalo huwezi kulitajia tarehe wala shahidi, liache nje. Wakuu hupenda kurundika mashtaka sita ili moja linase, kumbe yale matano dhaifu humpa mtetezi wake pa kuanzia.

Barua ya kumtaka ajieleze haichukui nafasi ya hati hii. Wageni wengi huchanganya hapa: mtu ameandikiwa "jieleze kwa nini usichukuliwe hatua", akajibu, basi wanaona ameshasikilizwa. Maelezo yale yanakusaidia kuamua kama kuna shauri au hakuna. Shauri lenyewe bado halijaanza.

Hati imfikie mkononi na asaini kupokea. Kama ni mtoro na hapatikani, itume kwenye anwani ya mwisho iliyo kwenye faili lake, na risiti ya posta ikae humo humo. Utoro haumwondolei mtu haki ya kujua anashtakiwa nini.

Kamati ya uchunguzi ni eneo la pili la hatari. Aliyelalamika hakai kwenye kamati. Shahidi hakai. Katika wilaya ndogo, ambako watu watatu wale wale ndio kila kamati, hili ni gumu kweli, lakini unaweza kuomba mtu kutoka taasisi nyingine. Mshtakiwa awepo mashahidi wanapozungumza na awaulize maswali. Ripoti ya mkaguzi wa ndani, kama ndiyo msingi wa shauri, apewe nakala mapema. Kuisoma mbele yake siku ya kikao ni kumvizia. Akiomba kuja na mwakilishi wa chama chake cha wafanyakazi, mjibu kwa maandishi.

Kisha kuna siku ya mkutano wa hadhara. Kiongozi anafika, wananchi wanalalamika kuhusu dawa au barabara, naye anatamka jukwaani kwamba fulani kazi basi. Makofi yanapigwa. Kesho yake unatakiwa uandike barua. Usiandike ya kufukuza. Kama mazingira yanahitaji, mamlaka ya nidhamu, yaani yule ambaye sheria imempa madaraka ya kumchukulia hatua mtumishi huyo, inaweza kumsimamisha kupisha uchunguzi, na kusimamishwa si adhabu. Mweleze mkurugenzi wako hivyo kwenye dokezo, kwa lugha ya upole, na dokezo libaki failini na tarehe yake. Ninajua si rahisi ukiwa bado kwenye kipindi cha majaribio.

Hakikisha pia unajua nani ni mamlaka ya nidhamu ya huyo mtu. Walimu wa shule za umma, kwa mfano, wana Tume ya Utumishi wa Walimu iliyoundwa kwa sheria ya 2015, na barua iliyosainiwa na asiyehusika haina nguvu hata ikiwa imepangwa vizuri namna gani.

Barua ya uamuzi iseme shtaka lipi limethibitika, kwa ushahidi gani, na utetezi wake umekataliwa kwa nini. "Utetezi wako haukuridhisha" ni sentensi ya uvivu. Mweleze pia kwamba anaweza kukata rufaa ndani ya siku 45, na rufaa hiyo inakwenda kwa nani. Tangu marekebisho ya 2016 ya Sheria ya Utumishi wa Umma, mtumishi wa umma lazima amalize ngazi hizi kabla ya kwenda kwenye vyombo vya sheria za kazi, hivyo kumficha njia ya rufaa ni kumfungia mlango pekee alionao. Na siku hiyo hiyo barua inapotoka, weka namba kila ukurasa wa faili, kwa sababu Tume ya Utumishi wa Umma ikiomba vielelezo hutapata nafasi ya kuvitafuta chini ya meza.