Simu Chini ya Mto

SWALI: Ninafanya kazi ya uwakala wa forodha katika afisi moja hapa mjini. Kutwa niko mbele ya kompyuta, na nikirudi nyumbani ninaendelea na simu hadi saa 6 za usiku, kwa kuwa wateja huulizia makontena yao wakati wowote. Nikilala, simu huwa chini ya mto. Siku hizi usingizi hauji, moyo hunienda mbio kila simu inapotetemeka, na mwanangu wa miaka 3 ameanza kuililia simu kama alivyokuwa akililia ziwa. Je, ni simu, au ni uchovu wa kazi tu?
Mama wa Tudor, Mombasa

JIBU: Pole sana, dada yangu. Yote mawili yamo, lakini tuanze na huo mto.

Giza linapoingia, ubongo hutoa homoni ya melatonini inayouarifu mwili kwamba usiku umefika, na mwanga wa simu, hasa ule wa samawati, huichelewesha. Hata hivyo, kwa maoni yangu, si mwanga unaokuumiza zaidi. Ukishasoma saa 5 za usiku kwamba kontena la mtu limezuiliwa, mwili hujiweka tayari kwa mapambano hata kama umezima taa, na anayesubiri kuitwa halali. Waambie wateja wako kwamba mwisho wa kujibiwa ni saa 2 za usiku, kisha uiache simu sebuleni hadi asubuhi. Kama ndiyo inayokuamsha alfajiri, nunua saa ya kengele. Kontena lililozuiliwa halitaachiliwa kwa kuwa wewe umekesha. Ikiwa baada ya wiki kadhaa usingizi bado ni wa shida, au moyo bado unakwenda mbio, tafadhali muone daktari.

Mtoto naye asinyang'anywe simu akaachwa mikono mitupu. Apewe kitu badala yake. Shirika la Afya Duniani lilipendekeza mwaka 2019 kwamba mtoto wa umri wake asizidishe saa 1 kwa siku mbele ya skrini, na alale saa 10 hadi 13. Kutoka nje kunayafaa macho pia: huko Guangzhou, China, wanafunzi wa darasa la kwanza waliongezewa dakika 40 za kuwa nje kila siku ya shule, na baada ya miaka 3 waliopatwa na tatizo la kutoona mbali walikuwa asilimia 30.4, ilhali miongoni mwa wenzao wasioongezewa walikuwa asilimia 39.5.

Jua letu hutua karibu saa 12 na nusu. Siku utakayowahi kutoka kazini, mchukue mwende Lighthouse, mnunue mihogo na dafu, mketi mkitazama bahari, simu ikiwa mkobani. Meli za Kilindini hupita karibu na hapo, naye atakuuliza zinatoka wapi na zimebeba nini, maswali ambayo wewe hasa unayajua majibu yake.