Wimbo uliouzwa shilingi 10: warithi waliudai kwa sheria gani?

Swali: Solomon Linda wa Afrika Kusini aliiuzia kampuni ya muziki ya Gallo wimbo wake "Mbube" kwa shilingi 10. Kama aliuza mwenyewe, warithi wake walidai kwa msingi gani?

Jibu: Kwa Sheria ya Hakimiliki ya Uingereza ya 1911, iliyotumika hadi kwenye makoloni. Kifungu cha 5(2) kinaweka kikomo: mtunzi akiuza haki, mnunuzi anakaa nazo hadi miaka 25 baada ya kifo cha mtunzi, kisha zinarudi kwenye mirathi. Hata mtunzi angetia saini kuuza haki za baada ya miaka hiyo 25, saini hiyo ni batili. Linda alifariki 1962. Haki zikarudi 1987.

Familia nyingi hukwama hapa: haki hazirudi moja kwa moja kwa mjane wala watoto, zinarudi kwa msimamizi wa mirathi. Mjane wa Linda alitia saini hati za kuhamisha haki 1983, na binti zake 1992. Wakili Owen Dean alijenga hoja kwamba hati hizo hazikuwa na nguvu, kwa kuwa msimamizi hakuwepo. Kisha msimamizi wa mirathi akateuliwa, na 2004 Disney ikashtakiwa Pretoria, kwani wimbo ulisikika ndani ya filamu ya The Lion King kwa toleo lake la Kiingereza, "The Lion Sleeps Tonight". Disney ni kampuni ya kigeni, hivyo alama zake za biashara zilizosajiliwa Afrika Kusini zilikamatwa kwanza ili mahakama iwe na mamlaka juu yake. Makubaliano yalifikiwa Februari 2006: malipo ya nyuma, sehemu ya mirabaha ijayo, na Linda kutambuliwa kuwa mtunzi mwenza wa "The Lion Sleeps Tonight".

Usiishie kwenye zile shilingi 10, ingawa ni aibu tupu. Dhuluma kubwa zaidi ilifanyika kwenye safu ya jina la mtunzi. Linda alirekodi 1939, lakini wimbo ulipofika Marekani ulichukuliwa kama wimbo wa asili usio na mwenyewe, ukaandikwa jina la "Paul Campbell", mtu ambaye hakuwahi kuwepo. Toleo la 1961, "The Lion Sleeps Tonight", likaandikwa majina ya Wamarekani watatu. Mzungu akitunga ni mtunzi. Mwafrika akitunga, wimbo unaitwa wa kabila.

Mwenye mkataba wa babu wa enzi hizo aangalie kwanza tarehe ya kifo, kisha kama mtunzi alitia saini akiwa hai sheria ya 1911 ikiwa bado inatumika nchini mwake, na kama hakuwa ameajiriwa kutunga. Kinachorudi ni utunzi. Rekodi yenyewe inabaki kwa kampuni.