Mzee mwenye wake wawili anaomba ubatizo: je, amwache mke mdogo?

SWALI: Mchungaji, Bwana Yesu asifiwe. Mimi ni mwinjilisti katika mtaa wa wafugaji. Kuna mzee wa miaka sitini hivi ameanza kuja ibadani na wake zake wawili. Wote watatu hawajabatizwa. Mke mkubwa ana watoto sita, mdogo ana wanne, na mahari ya kila mmoja ilishatolewa ng'ombe kwa ng'ombe. Wazee wa kanisa wanasema amwache mke mdogo ndipo aingie darasa la ubatizo, kwa kuwa Paulo ameandika "mume wa mke mmoja". Mzee akaniuliza, "Mama wa watoto wangu nimpeleke wapi?" Nikakosa la kusema. Msimamo wa kiteolojia ni upi? Na akibatizwa, anaweza kuchaguliwa mzee wa kanisa?

JIBU: Amina, mtumishi. Tuanze na andiko walilolishika wazee wako, maana wamelitwika mzigo usio wake. 1 Timotheo 3:2 inataja sifa za askofu, na mstari wa 12 unamtaja shemasi. Hapo hakuna mtu anayeomba ubatizo. Tena fungua 5:9 ya waraka huohuo, panapotajwa mjane anayestahili kuandikwa kwenye orodha: awe alikuwa mke wa mume mmoja. Kwa Kigiriki ni msemo uleule, umegeuzwa tu. Kule Efeso, alikokuwa Timotheo alipoandikiwa waraka huu, hapakuwa na desturi ya mwanamke kuolewa na wanaume wawili kwa wakati mmoja, kwa hiyo wafafanuzi wengi huuelewa msemo huo kuwa unahusu uaminifu kwa mwenzi, au kutofunga ndoa nyingine baada ya ya kwanza. Kuhusu mitara yenyewe, yaani ndoa ya wake wengi, mstari huo hauna mengi ya kutuambia.

Sisemi kwamba mitara ni sawa. Yesu alipoulizwa habari za ndoa katika Mathayo 19 alirudi Mwanzo 2: wawili, mwili mmoja. Hiyo ndiyo kanuni, na Kanisa halina ruhusa ya kuilegeza. Agano la Kale lenyewe halifichi machungu ya ukewenza; msome Hana na Penina, au Lea na Raheli. Lakini soma Mathayo 19 mpaka mwisho wa hoja. Mafarisayo hawakuwa wamemuuliza Yesu juu ya idadi ya wake. Walimuuliza kama ni halali mtu kumwacha mkewe. Sura ambayo wengi wetu huitegemea ili mke wa pili aachwe ndiyo sura ambamo Bwana anakataza kuacha. Tunachukua aya ya 5 kuivunja aya ya 9.

Nakiri kwamba mimi mwenyewe nilifanya hivyo. Katika usharika wa kwanza niliopangiwa, nikiwa na miaka miwili tu tangu kubarikiwa kuwa mchungaji, nilimbatiza mwanamume aliyekuwa amemrudisha mke wake wa pili kwao. Kwenye daftari la ubatizo, safu ya hali ya ndoa, niliandika kwa mwandiko mzuri kabisa: "mke mmoja". Wiki ya tatu yule mama akaja ofisini na mtoto mgongoni. Hakuja kulia. Alikuja kuuliza nani ataezeka nyumba, kwa sababu mvua zilikuwa karibu, kaka zake wanamwona mgeni, na mume amekatazwa na mimi kukanyaga kwake. Baadaye nikajua kwamba mume alikuwa anakanyaga, usiku. Kwa hiyo nilikuwa nimemfanya mke wa mtu kuwa hawara, na nikapiga mhuri.

Swali la mzee wako, "nimpeleke wapi", liko kwenye Biblia. Mwanzo 21, Ibrahimu anamtoa Hajiri asubuhi na mapema na mkate na kiriba cha maji. Mungu ndiye anayekwenda kumtafuta nyikani. Na Torati, katika Kutoka 21:10, inamwamuru mwanamume aliyeoa mke mwingine asimpunguzie wa kwanza chakula, mavazi wala haki yake ya unyumba. Amri hiyo haisifu mitara. Inalinda aliye dhaifu ndani ya hali ambayo tayari ipo, na hapo ndipo kazi yako ya uchungaji inapoanzia.

Makanisa yamelihangaikia jambo hili muda mrefu, na hayakufika mahali pamoja. Askofu John Colenso wa Natal, Afrika Kusini, alimwandikia Askofu Mkuu wa Canterbury, kiongozi wa Waanglikana, mwaka 1862 akipinga waongofu kulazimishwa kuacha wake. Hakusikilizwa. Mkutano wa Lambeth wa maaskofu wa Kianglikana mwaka 1888 uliamua kwamba mwenye wake wengi asibatizwe, abaki kwenye mafundisho hadi atakapoweza kuipokea sheria ya Kristo. Ila wake zake wangeweza kubatizwa katika mazingira fulani. Yaani mke aliruhusiwa kuingia, mume akabaki mlangoni, ndani ya ndoa ileile. Ilichukua miaka 100 kamili. Lambeth ya 1988, azimio la 26, ikaruhusu mwanamume huyo abatizwe na kupewa kipaimara pamoja na wake zake na watoto wanaoamini. Aahidi kutooa tena maadamu yupo hai yeyote kati ya wake aliokuwa nao alipoongoka, jumuiya ya waumini wa mahali hapo ikubali, na asilazimishwe kumwacha mke yeyote, kwa sababu ya hali ngumu ambayo mwanamke angeachiwa.

Wakatoliki wana njia nyingine. Sheria za Kanisa za 1983, kanuni ya 1148, zinamtaka anayebatizwa abaki na mke mmoja. Kwa kawaida ni wa kwanza, lakini kama ni vigumu kubaki naye anaweza kubaki na mwingine. Watu husahau fungu la 3 la kanuni hiyohiyo: askofu wa mahali ahakikishe mahitaji ya mke wa kwanza na ya wengine walioachwa yanatimizwa kwa haki. Anayenukuu fungu la 1 na kuliruka la 3 amenukuu nusu.

Nasi Walutheri tusijione wasafi sana. Martin Luther na mwenzake Melanchthon walimpa ushauri wa siri Philip wa Hesse, mtawala wa Kijerumani, naye akaoa mke wa pili mwaka 1540 huku wa kwanza yupo. Aibu ile haijafutika. Ila angalia tofauti: Philip alikuwa Mkristo aliyebatizwa, akaongeza mke. Mzee wako alioa kabla hajaijua Injili, kwa desturi iliyohesabu ndoa zote mbili kuwa halali. Mambo haya mawili yakichanganywa kwenye kikao, kikao hakitafika popote. Kanisa la Kilutheri la Liberia liliyatenganisha mambo hayo mapema, likaanza kuwabatiza wenye wake wengi mwaka 1951.

Kuna na upande wa serikali. Hapa Tanzania Sheria ya Ndoa ya 1971 inaitambua ndoa ya wake wengi, na ndoa huvunjwa na mahakama, baada ya shauri kupita baraza la usuluhishi. Barua ya usharika haivunji ndoa ya mtu. Mama huyo mkisema ameachwa, kisheria bado ni mke, na bado anadai matunzo.

Msimamo wangu, basi: waingie darasani wote watatu, wabatizwe wote watatu. Mzee aahidi mbele ya usharika kwamba hataoa tena, akifiwa na mmoja atabaki na aliyepo. Ubatizo hudai toba, lakini toba ya mtu hailipwi na mtu mwingine, tena mwenye watoto wanne. Wengine watakujibu kwamba ukifungua mlango huu vijana watakimbilia kuoa wawili kwanza ndipo wabatizwe. Nimelisikia hilo kwenye vikao vingi. Kijana aliyelelewa shule ya Jumapili hawezi kudai hakujua. Huyo akioa wa pili, mambo yake ni ya nidhamu ya kanisa, na jibu lake ni tofauti.

Lakini wewe ni mwinjilisti, na mimi si askofu wako. Soma mwongozo wa dayosisi yako, umpelekee mchungaji wa usharika jambo hili kwa maandishi. Mwongozo ukikataa, usimbatize kwa siri, na usimwagize mtu aachane na mkewe ili mwongozo utimie. Waache wote watatu waendelee kusikia Neno, wakaribie kwenye ibada, watoto wao wafundishwe, wakati shauri linapanda ngazi.

Uzee wa kanisa? Hapana. Hapo andiko la wazee wako linapata mahali pake, kwa kuwa kiongozi ni kielelezo cha ndoa tunayoifundisha. Mweleze mapema, kabla ya ubatizo, asije akalijua siku ya uchaguzi.

Jambo moja nimelitafuta kwenye barua yako sikuliona: mke mdogo mwenyewe anasemaje? Umeandika kauli ya mzee na kauli ya wazee. Nenda nyumbani kwake, si kwa mumewe, uende na mama mmoja wa kanisa anayeheshimika, ukae umsikilize. Muulize na mke mkubwa, peke yake. Huenda mmoja wao ana neno ambalo hajapata kuulizwa. Halafu siku ya ubatizo ikifika, kwenye ile safu ya hali ya ndoa, andika majina yote mawili.