Nyumba Njema si Mlango: Maswali Yenu kuhusu Hirugao

Barua nyingi safari hii zinahusu Hirugao, tamthilia ya Kijapani yenye vipindi 11 iliyorushwa na Fuji TV mwaka 2014, kuhusu wake wawili wa ndoa, Rikako na Sawa, wenye wapenzi wa nje.

Swali: Rikako ana nyumba ya kifahari, mume mwenye cheo na mabinti wawili. Anatafuta nini nje?

Jibu: Swali hili hunifikia kila mara, na kila mara muulizaji huwa amehesabu samani tu. Mume huyo ni mhariri wa jarida la wanawake, yaani riziki yake ni kuwauzia wanawake sura ya maisha mazuri, na mkewe amefanywa sehemu ya sura hiyo: apendeze, apokee wageni, asitie neno. Kwangu mimi, hicho ndicho kiini cha tamthilia, nao uzinzi ni moshi wa moto uliowaka zamani. Hata hivyo simtetei Rikako. Alipomwona Sawa, mfanyakazi wa muda wa supamaketi, akiiba rangi ya mdomo, aliitumia siri hiyo kumlazimisha awe kisingizio cha safari zake, na huko ni kumwonea mnyonge.

Swali: Sawa na mpenzi wake wa nje, mwalimu Kitano, wanaishia wapi?

Jibu: Tazameni hadi kipindi cha 11, kisha filamu ya mwaka 2017, na tafadhali msiniulize tena mwisho wa kisa ambacho hamjakianza.

Swali: Mume wa Sawa ni mpole. Kosa lake ni lipi?

Jibu: Sikilizeni anavyomwita mkewe. Hawana mtoto, wanafuga hamsta, na yeye humwita Sawa "Mama". Kwetu mwanamke huitwa Mama Fulani kwa heshima ya mtoto wake, lakini Sawa amekuwa mama wa vijipanya kizimbani, na jina lake mwenyewe halitamkwi ndani ya nyumba yake. Mtu anaweza kupuuzwa kwa sauti ya upole miaka na miaka, na wanaume wanaojisifu kwamba hawajawahi kuinua mkono walitafakari hilo.

Swali: Si waachane tu?

Jibu: Kwa karatasi ni rahisi. Nchini Japani wanandoa waliokubaliana hujaza fomu, mashahidi wawili watu wazima hutia saini, nayo hupelekwa katika ofisi ya serikali ya mtaa bila kufika mahakamani. Ugumu uko kwa watoto, kwa kuwa wakati huo sheria ilimpa haki ya malezi mzazi mmoja tu baada ya talaka. Mabadiliko yaliyopitishwa mwaka 2024, na kuanza kutumika Aprili 2026, ndiyo yaliyofungua njia ya wazazi wote wawili kuwa nayo. Mama wa nyumbani kama Rikako, asiye na kipato chake, angetoka akijua kwamba huenda akawaacha mabinti nyuma. Ndiyo maana wengi hubaki, na Wajapani wana jina lao: kamen fūfu, wanandoa wa barakoa.

Swali: Inafaa kutazamwa na watoto?

Jibu: Hapana, hata kama mnadhani wamesinzia kochini.