Umesajiliwa ligi ya netiboli? Njoo na kucha fupi

Mechi yangu ya kwanza ya ligi ya taifa niliianzia benchi kwa sababu ya kucha. Wiki ile nilikuwa nimetoka harusini kwa binamu yangu, vidole vina hina, kucha nimezifuga hadi zikapendeza. Kabla ya filimbi waamuzi hupita kukagua: hereni, cheni, bangili, mikono. Yule mama akanishika vidole, akaniangalia, akasema kwa upole kabisa, "Mwanangu, nenda kakate." Mkasi haukuwepo, wembe haukuwepo. Aliyeniokoa alikuwa mchezaji wa akiba wa timu pinzani, alinipa kikatio chake huku anacheka. Nilipomaliza, herufi za GD, nafasi yangu ya mlinzi wa goli, zilikuwa kifuani kwa mwenzangu na robo ya kwanza imeshaanza.

Nilicheza misimu saba, sasa nasaidia kunoa mabinti wa mkoa wetu. Kila mwaka wanaosajiliwa kwa mara ya kwanza huniuliza swali lilelile: dada, kule kukoje? Haya niliyoandika hapa ni yale ninayowajibu tukiwa tumekaa chini baada ya mazoezi.

Kwanza, usiifikirie ligi yetu kama ya soka, ya kucheza Jumamosi kisha kurudi nyumbani wiki nzima. Sisi hukusanywa kituo kimoja, mwaka huu Arusha, mwaka mwingine Mbeya au Dar es Salaam, timu zikamalizana hapohapo kwa siku kadhaa, karibu kila siku mechi. Aliyepitia UMISSETA, michezo ya shule za sekondari, atasema hayo anayajua. Anayajua nusu. Kule ulikutana na wenzio wa kidato cha tatu. Huku utakutana na wanawake wa JKT Mbweni, Uhamiaji au Jeshi Stars, watu wazima waliozoeana miaka, na wengi wao mazoezi ni sehemu ya kazi. Hawana haraka. Watakuacha ukimbie mbio zako zote robo ya kwanza, halafu robo ya tatu waanze kukuchukulia mipira kabla haijakufikia.

Na hapo ndipo wageni wengi huumia, kwenye hesabu. Shuleni tulifundishwa kushangilia goli. Kwenye ligi jifunze kuhesabu senta. Senta, yaani pasi ya katikati ya kuanzisha mchezo, inapokezanwa, mara yenu, mara yao, bila kujali nani kafunga. Maana yake kama kila timu itafunga kwenye senta yake, mtatembea bega kwa bega hadi dakika ya 60. Sasa chukua senta yenu moja. WA, winga mshambuliaji wenu, kataka kumfurahisha kocha, karusha pasi ndefu ya juu moja kwa moja hadi kwenye duara la kufungia, GK wao, mlinzi wa mwisho, kaidaka, mpira umeshuka, wamefunga. Senta inayofuata ni ya kwao, wamefunga tena. Mlikuwa muwe sare ya moja kwa moja, mko sifuri kwa mbili. Pasi moja tu. Ndiyo maana kwenye timu yetu hatukumgombeza mtu kwa kukosa goli la mbali, lakini aliyepoteza senta kizembe alijua usiku kwenye kikao atatajwa. Na usidharau kufungwa kwa tano badala ya kumi na tano: mkilingana pointi mwishoni, magoli ndiyo yatakayowatenganisha, na hapo utaikumbuka ile robo ya nne mliyoamua kutembea kwa sababu mechi "imeshaisha".

Walinzi, nanyi nina neno refu zaidi, kwa sababu huko ndiko nilikolia.

Kiwanja cha mtaani mwamuzi anakuvumilia. Ukimsogelea mfungaji hatua moja zaidi anakuona una bidii. Ligi hawakuvumilii. Sentimita 90 ni sentimita 90, na hupimwa kutoka pale mguu wake ulipotua, kwa hiyo ukisimama sawa halafu ukasogeza mguu mbele ukiwa umeinua mikono, umekosea. Filimbi ikilia huchezi tena mpaka mpira utoke mkononi mwake: unasimama pembeni yake kama mgeni aliyekosa kiti, naye anatazama ringi iliyo juu mita 3.05 bila mkono wako mbele ya uso. Mfungaji wa ligi anaijua faida hiyo kuliko wewe. Wapo wanaokusubiri. Anaupokea mpira, anatulia, anaivuta sekunde ile ya pili kati ya tatu alizopewa, wewe damu inachemka unaegemea mbele, filimbi. Mechi moja nilipigiwa hivyo mara nyingi hadi mwamuzi akaniita na kunionya. Onyo likizidi unatolewa nje dakika mbili, wenzio wanabaki sita.

Dawa yangu ilikuwa kuacha kuwinda shuti. Shuti likishatoka mkononi mwa mfungaji mzuri ni lake. Mlinzi anapata mpira kabla haujamfikia au baada ya kugonga ringi. Nilianza kumkaba GA, mfungaji wao anayecheza pia nje ya duara, mapema, hukohuko nje, nikimlazimisha aombe mpira mahali asipopenda, na pale alipopiga nilikuwa nimeshageuka kumpa mgongo ili mpira ukirudi nikute nafasi ni yangu. Makosa yangu yalipungua karibu nusu. Makofi pia yalipungua, maana kazi ya namna hiyo jukwaa haliioni. Kocha aliiona.

Kutua nako ni hivyohivyo. Kama umekulia uwanja wa vumbi, miguu yako imezoea kuserereka kidogo baada ya kudaka. Kwa mwamuzi wa ligi huko ni kuburuta mguu, mpira anampa mpinzani. Na saruji yenyewe haiserereki. Kinachobaki ni goti lako kupokea kila kitu. Jifunze kutua kwa miguu yote miwili, magoti yamekunjwa, mwezi mzima kabla ya safari. Nimeona mabinti watatu wakimalizia ligi kwenye siku yao ya pili, wote kwa kutua mguu mmoja uliosimama kama nguzo huku mwili unageuka.

Kuhusu mwili kwa jumla: lala. Kambini mtalala wengi chumba kimoja, mara nyingi bweni la shule, magodoro chini, simu zinawaka hadi saa nane usiku, kila mtu anatuma picha za jezi mpya. Jitafutie kona. Jioni tumbukiza miguu kwenye beseni la maji ya barafu, hata kama wenzio wanakucheka. Siku ya sita watakuja kuliomba hilo beseni. Kunywa maji kabla ya kiu. Usijaribu chakula kipya siku ya mechi, mimi supu ya utumbo ya stendi ilishanifunza. Na siku zako za mwezi zikiangukia humo ndani, mwambie meneja au daktari wa timu mapema, beba pedi za kutosha na kaptula nyeusi ya ndani. Niliwahi kucheza robo mbili nikiwaza jezi yangu kuliko mpira, kwa aibu ya kusema neno moja.

Benchi halina maelezo mengi. Utakaa. Tumia muda huo kujifunza nafasi ya pili. GD anayeweza kucheza WD, yaani winga mlinzi, kocha hawezi kumwacha nyumbani, kwa sababu siku ya nane vifundo vya miguu vya watu vimeshavimba na anatafuta tu nani anasimama.

Sasa pesa, maana mnaniuliza kwa kuzungukazunguka. Netiboli yetu bado haimlishi mtu yenyewe. Klabu za kiraia nyingine hukwama kwa nauli tu, na mimi mwenyewe klabu moja iliniahidi posho ambayo mpaka leo naidai. Kinachowapa wachezaji maisha ni ajira: majeshi, wizara, halmashauri, mashirika, ambako mchezaji anaingia kazini na kuchezea timu ya huko. Kwa hiyo cheti chako cha kidato cha nne ni kifaa cha michezo kama raba zako. Usiache shule kwa sababu kuna kocha kasema una kipaji. Kipaji kitaonekana kituoni, karatasi ndizo zitakazoitishwa ofisini.

Wenye ndoto za mbali pia siwavunji moyo. Waganda, jirani zetu hapa, walimaliza nafasi ya 5 kwenye Kombe la Dunia la 2023 kule Cape Town, na mfungaji wao Peace Proscovia alishachezea Loughborough Lightning ya Uingereza. Ukibahatika klabu yako ikaenda mashindano ya Afrika Mashariki, watazame wanavyopasiana wakiwa wamechoka. Utaona hakuna kishindo chochote, ni pasi fupi na nafasi.

La mwisho ni daftari. Nunua la kurasa themanini, kila usiku andika uliyemkaba: anapokea upande gani, anapenda kugeukia wapi, akipiga anainuka au anabaki chini. Wachezaji ni walewale, mtakutana tena kesho kutwa au mwakani. Kwenye langu yumo GS, mfungaji mkuu, mmoja mrefu wa timu ya jeshi, nimeandika kwa kalamu nyekundu: "huuzungusha mpira vidoleni akiwa na wasiwasi." Mwaka uliofuata nilimkuta robo ya nne, tumelingana, kaupokea karibu na mstari wa duara. Akauzungusha vidoleni. Sikusogea hata kidogo, nikageuka kusubiri ringi.

Mpira ulirudi.